Jua Letu Limewapa Wengine Oscar: Wewe Unangoja Nini?

Ukipanda treni ya Metropolitan pale Wembley Park kuelekea Harrow, kituo cha pili ni Northwick Park. Wengi wanaoshuka hapo wanakwenda hospitali: manesi wa zamu, wagonjwa, ndugu waliobeba hotpoti za uji. Tega sikio, maana Harrow ni mji wa watu waliotoka kwetu. Wahindi waliokulia Kenya walianza kuingia kwa wingi mwishoni mwa miaka ya 1960, wakafuatwa na wale wa Uganda waliofukuzwa na Idi Amin mwaka 1972, na mpaka leo wazee wao huchomeka Kiswahili katikati ya Kigujarati bila kujijua. Stanmore kuna Makhoja wenye asili ya Zanzibar, Dar es Salaam na Mombasa. Lakini wapo pia vijana wanaoshuka Northwick Park, mabegi mgongoni, wakivuka kwenda kampasi ya Harrow ya Chuo Kikuu cha Westminster kusomea picha na filamu.

Nawaandikia hao. Nakuandikia na wewe uliye Temeke, Buruburu, Likoni, Ng'ambo ya Unguja au Goma, unayejua kabisa moyoni kwamba kazi unayoitaka ni ya kushika kamera, na kila ukiitaja nyumbani unaulizwa utakula nini.

Utakula. Ila tuzungumze kwanza habari za mtu mmoja.

Kabla kampasi hiyo haijawa ya Westminster, Harrow ilikuwa na chuo chake cha ufundi na sanaa. Mwaka 1990 kiliunganishwa na chuo kingine cha ufundi cha katikati ya London, na 1992 ndoa hiyo ikapewa hadhi ya chuo kikuu. Usikichanganye na ile shule ya mlimani, maarufu kwa kofia zake za majani, iliyomsomesha Winston Churchill. Ile ilianzishwa mwaka 1572 kwa hati ya Malkia Elizabeth wa Kwanza. Kumbuka jina la malkia huyo, tutakutana naye tena. Chuo cha sanaa hakikuwa na hati ya malkia. Kilikuwa na vyumba vya giza, kamera na walimu, basi. Huko ndiko alikosomea upigaji picha na utengenezaji wa filamu kijana mmoja aliyezaliwa London mwaka 1948, mwenye jina la Kiyoruba: Remi Adefarasin.

Februari 1999, orodha ya wanaowania Oscar ilipotangazwa, kundi la upigaji picha lilikuwa na majina matano. Moja lilikuwa lake, kwa filamu ya Elizabeth. Tuzo hizo zilikuwa zimetolewa tangu 1929, na kwa miaka yote hiyo 70 hakuna mpigapicha mweusi aliyewahi kuteuliwa. Wa kwanza alikuwa yeye, mwanafunzi wa Harrow. Marekani yenyewe, yenye Hollywood yake, ilibidi isubiri mpaka 2017 kumpata Mmarekani mweusi wa kwanza kwenye orodha ile, Bradford Young, kwa filamu ya Arrival.

Sasa tazama tarehe hizo kwa jicho lingine. Kuzaliwa 1948, kuteuliwa 1999. Alikuwa na miaka 50 na ushei. Wewe una miaka 23 na umeshakata tamaa kwa sababu video uliyoiweka TikTok ilitazamwa na watu 40. Hebu acha hizo!

Katikati ya tarehe hizo mbili ndimo kazi ilimo. Kutoka Harrow, Adefarasin alikwenda Ealing, kwenye studio ambazo BBC ilizinunua mwaka 1955, akaanza kama mwanagenzi wa kamera. Enzi hizo za filamu, mwanagenzi hapigi picha. Anabeba. Anabeba masanduku, stendi na betri. Anaingiza filamu mbichi kwenye magazini ndani ya mfuko mweusi wa kitambaa, mikono imezama mpaka viwikoni, akipapasa vitundu vya filamu kwa ncha za vidole huku macho yakitazama ukuta kwa sababu hayana kazi. Mwanga ukipenya, jasho la watu wengi la asubuhi nzima limeungua. Magazini ya futi 400 ya filamu ya milimita 16 inatoa dakika 11 hivi, na zikiisha, nyingine inatakiwa iwe imeshakaa tayari. Akipanda daraja anashika fokasi: anavuta futi kamba kutoka kwenye kamera hadi kwenye jicho la mwigizaji, anabandika utepe sakafuni kuweka alama, na mwigizaji akisogea kiganja kimoja mbele, naye anazungusha lenzi kwa kadiri ya kiganja hicho kimoja, kwa makadirio ya macho, kwa sababu picha yenyewe haioni. Baada ya miaka ya hayo ndipo mtu anapewa kuendesha kamera. Na baada ya kuendesha kamera, siku moja, anaambiwa: taa ni zako.

Ukuu wa mpigapicha wa filamu, yule tunayemwita diopii kwenye seti zetu, ndio huo. Taa zake, lenzi zake, fremu yake, na lawama pia zake. Yeye na mwongozaji wanakubaliana hadithi ionekaneje, kisha yeye anasimamia timu ya kamera na timu ya taa mpaka ionekane hivyo hivyo, hata kama mvua inanyesha, jua linazama na mwigizaji mkuu ana ndege ya kuwahi saa moja jioni.

BBC ya wakati ule ilikuwa shule isiyokuwa na cheti. Mtu alipita kwenye tamthilia, akapita kwenye filamu za hali halisi, akarudi kwenye tamthilia. Mwaka 1988 Adefarasin alipiga Christabel, tamthilia iliyoandikwa na Dennis Potter. Mwaka 1990 alipiga Truly, Madly, Deeply, filamu ya kwanza kuongozwa na Anthony Minghella: mwanamke aliyefiwa anarudiwa na marehemu mpenzi wake ndani ya nyumba yake ya London, na mzimu huo hauna moshi wala mataa ya bluu, umekaa tu sebuleni unapiga ala yake ya muziki. Fikiri ujasiri wa kuuacha mzimu kwenye mwanga wa kawaida. Wengi wetu tungewasha kila tulichonacho.

Kisha ukafika mwaka 1998. Mwaka huo kulitoka Sliding Doors, ile hadithi ya mwanamke na treni ya chini ya ardhi aliyoiwahi na hapohapo akaikosa, na ikatoka Elizabeth. Zote mbili mkono wake.

Nakupa kazi: tafuta Elizabeth, itazame usiku mmoja ukiwa umezima sauti. Inaanza na kamera ikiwa juu kabisa, inatazama chini kwenye utosi wa watu. Nywele zinakatwa ovyo, damu inachuruzika kichwani, na watu watatu wanafungwa kwenye mti wachomwe moto kwa dini yao. Halafu unaletewa binti mwenyewe kwa mara ya kwanza, na yuko nje, kwenye majani mabichi, anacheza dansi na wenzake, mwanga umemwagika kote. Kuanzia hapo mtazame mawe yanavyommeza. Kumbi za kasri zimepigwa sehemu kubwa ndani ya Kanisa Kuu la Durham, lenye nguzo nene kuliko za jengo lolote utakaloliona Harrow, na Adefarasin hakujaribu kuzimulika zote. Aliacha mwanga uingie kutoka upande mmoja, ukagusa shavu, ukagusa mkufu, na nusu nyingine ya ukumbi akaikabidhi kwa giza na wapelelezi. Mara kwa mara unaona mtu kupitia pazia, au kwa nyuma ya nguzo, hata wewe mtazamaji unajiona unachungulia usiyoruhusiwa kuyaona. Na kamera haiachi kurudi kule juu darini.

Mwisho wa filamu nywele zinakatwa tena. Safari hii ni za malkia, anazikatisha mwenyewe. Anapakwa uso mweupe pe, anatoka mbele ya watu wake katika mwanga mkali usio na kivuli hata kimoja, mwanga wa chokaa. Ule wa majani mabichi haupo tena. Huhitaji kusikia neno lolote kujua kwamba yule binti wa dansi hayupo.

Na tazama waliokabidhiwa kazi hiyo. Hadithi ya Kiingereza kuliko zote, ya malkia aliyeipa Harrow shule yake ya mabwana, iliongozwa na Mhindi, Shekhar Kapur. Malkia mwenyewe alichezwa na Mwaustralia, Cate Blanchett. Na uso wake uliwekwa taa na mtu mweusi aliyesomea kwenye kile chuo kisicho na hati ya malkia. Kwa hiyo siku mtu atakapokuambia kwamba hadithi fulani si ya watu kama nyinyi, mwambie aitazame Elizabeth hadi majina ya mwisho yamalizike kupita.

Oscar hakuichukua. Usiku ule ilikwenda kwa Janusz Kamiński, kwa Saving Private Ryan ya Steven Spielberg. BAFTA ya upigaji picha ndiyo aliyoondoka nayo. Lakini sikiliza kilichofuata, maana hapa ndipo wengi wetu tungekaa chini kununa. Mwaka 2001 Spielberg na Tom Hanks walitoa Band of Brothers, mfululizo wa sehemu kumi wa vita vya pili vya dunia, wakiwa watayarishaji. Waliopiga picha walikuwa wawili, Joel Ransom na Remi Adefarasin. Yaani watu wa filamu iliyomshinda ndio waliompa mlango mwingine. Mwaka 2010, walipotoa The Pacific, akawamo tena.

Band of Brothers ndiyo itakayokuonyesha mtu huyu ni nani, kwa sababu haifanani na Elizabeth hata chembe. Malkia alitulizwa ndani ya mawe. Askari wanakimbizwa na kamera iliyo mkononi, rangi zimekamuliwa hadi kubaki kijivu na udongo, matope yanaruka mpaka kwenye lenzi. Sehemu kubwa ilipigwa kwenye uwanja wa ndege wa zamani wa Hatfield, si mbali na Harrow. Ule msitu wa Ubelgiji ambamo askari wanaganda kwa baridi ulijengwa ndani ya banda la ndege, miti na yote, na theluji yake ilikuwa karatasi. Sasa jiulize: utaiwekaje taa theluji ya karatasi, ndani ya banda, mtazamaji ahisi vidole vyake vinakufa ganzi? Kabla ya hapo, mwaka 2000, alikuwa ameigeuza Glasgow kuwa New York ya matajiri kwenye The House of Mirth ya Terence Davies. Baadaye akapiga vichekesho vya mapenzi vya London, About a Boy mwaka 2002, kisha Match Point ya Woody Allen mwaka 2005. Akarudi kwa Elizabeth mwaka 2007 kwenye filamu ya pili. Dola ya Uingereza ikampa nishani ya OBE.

Watu wakiniuliza staili ya Adefarasin ni ipi, jibu langu huwakera: hana mhuri. Ana utii. Anaiuliza hadithi inataka mwanga gani, halafu anautafuta. Nasema hivi kwa makusudi, kwa sababu vijana wengi ninaowaona leo wana staili kabla hawajawa na kazi. Kila video ni machungwa na bluu, kila harusi ina ukungu wa dhahabu, kila mahojiano yana taa ya duara inayong'aa ndani ya mboni za macho. Ile si staili, kaka. Ni filta, na aliyeitengeneza hajawahi kumwona shangazi yako.

Suala la ngozi ya shangazi yako mbele ya kamera ni zito, tulizungumze taratibu. Kule Wealdstone, upande wa pili wa Harrow, kulikuwa na kiwanda cha Kodak. Kilifunguliwa mwaka 1891, kikafa mwaka 2016, na leo mahali pake ni mtaa wa nyumba mpya. Humo zilitengenezwa filamu na karatasi za picha zilizosambaa dunia nzima, Afrika Mashariki ikiwemo. Ila Kodak ya Marekani ilikuwa na desturi moja: maabara za kusafisha picha zilipimia rangi kwa kadi yenye picha ya mwanamke wa Kizungu. Kadi hizo ziliitwa Shirley, jina la mwanamitindo wa mwanzo. Uso wa Shirley ukitoka vizuri, mashine iko sawa. Uso mweusi ukitoka kama kivuli chenye meno, ni bahati mbaya yako. Mwishoni mwa miaka ya 1970, mwongozaji Jean-Luc Godard alipoalikwa Msumbiji na serikali, alizikataa filamu za Kodak kwa hoja hiyo hiyo. Na waliofanya kazi Kodak wamesimulia kwamba malalamiko yaliyoisukuma kampuni kurekebisha rangi za kahawia yalikuwa ya watengenezaji wa chokoleti na wa samani za mbao. Ngozi ya mama yako ilisubiri chokoleti ipate haki kwanza.

Kwa hiyo fikiria kijana mweusi anajifunza kupiga picha katika mji uleule wa Kodak, kwa filamu ambayo haikupimwa kwa ngozi kama yake. Hakususa. Aliijua mpaka akaishinda.

Wewe una nafuu kubwa kuliko yeye, na bado simu yako ina uvivu uleule. Ukimsimamisha bibi mbele ya ukuta mweupe, simu inautazama ukuta, inaona mwanga umezidi, inafunga, na bibi anageuka giza. Dawa yake haina gharama. Mwondoe ukutani, nyuma yake uweke kitu chenye rangi: mlango wa mbao, kanga iliyoanikwa, kijani cha mgomba. Mkalishe ubavuni mwa dirisha, lisiwe nyuma yake. Gusa skrini kwenye shavu lake ili kipimo kichukuliwe pale, hata kama mawingu ya nje yatapotea. Upande usio na dirisha mwambie mdogo wako ashike shuka jeupe, alisogeze, alirudishe, na wewe tazama shavu linavyojaa na kupungua. Ngozi nyeusi inapenda mwanga mpana unaoteleza juu yake kuliko taa kali inayoipiga usoni. Walipopiga Moonlight, filamu iliyotoka 2016, walitaka nyuso zing'ae, zisipakwe poda ya kuua mng'ao, wakazipaka mafuta. Nyumbani kwenu mafuta ya nazi hayajawahi kukosekana.

Somo hilo la shuka nililoeleza ni la dakika kumi. Wapo wenye kamera za milioni nane ambao hawajawahi kulifanya.

Na usidhani Adefarasin ni muujiza wa Ulaya tu. Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam, na kamera yake ya kwanza ilikuwa Box Brownie kuukuu. Kodak, naam. Hakuwa mtu wa filamu za hadithi, alikuwa mtu wa habari. Oktoba 1984 alipiga picha za njaa kule Korem, Ethiopia, zikaonyeshwa BBC tarehe 23 ya mwezi huo, na dunia ikashindwa kula chakula chake cha jioni. Kutokana na picha zile kukatokea nyimbo, michango, na hatimaye tarehe 13 Julai 1985 tamasha la Live Aid pale uwanja wa Wembley. Wembley ileile ninayokuambia ukiondoka kituoni pake, Northwick Park ni cha pili. Mwaka 1991 mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa ulimkata mkono. Alitengenezewa wa bandia, akarudi kazini kushika kamera nao, mpaka ajali ya ndege ya 1996 iliyomuua karibu na Komoro. Ukishasoma hayo, nieleze tena jinsi lenzi yako ya kwanza ilivyo na mikwaruzo ndiyo maana hujaanza.

Sasa tuje kwenye jua letu. Mwaka 1951 Robert Surtees alipewa Oscar ya upigaji picha kwa King Solomon's Mines, iliyopigwa Kenya, Uganda, Tanganyika na Kongo. Mwaka 1986 David Watkin alipewa yake kwa Out of Africa, iliyopigwa Kenya, milima ya Ngong ikiwa nyuma. Mara mbili wageni wamekuja, wametazama anga tunayoamka nayo kila siku, wamerudi kwao na sanamu ya dhahabu. Siwalaumu, walifanya kazi yao, na Watkin alikuwa bingwa wa mwanga laini kabla wengi hawajazaliwa. Nauliza tu: wewe uliyezaliwa chini ya jua hilo unalijua kiasi gani? Unajua kwamba saa sita mchana Mombasa linasimama utosini na kuyatia macho ya watu mashimo meusi, kwa hiyo saa hiyo unampeleka mwigizaji barazani? Kwamba vichochoro vya Mji Mkongwe, kwa kuwa ni vyembamba na kuta zake zina chokaa, hurushiana mwanga hadi uso wa mtu unalainika bila taa? Kwamba magharibi yetu ni fupi, rangi nzuri ikikukuta bado unatafuta betri imekwenda? Amil Shivji aliileta Zanzibar kwenye skrini na Vuta N'Kuvute mwaka 2021, kutoka kitabu cha Adam Shafi, ikafika tamasha la Toronto. Ukiitazama, kodolea macho usiku wake.

Aliye Harrow naye asijitetee na mawingu. Wingu la Harrow ni shuka jeupe la bure lililotandazwa kuanzia Kenton hadi Pinner, nyuso hupendeza chini yake kutwa nzima. Desemba jua linazama kabla ya saa kumi jioni, sawa, ndiyo fursa ya kujifunza usiku: taa za duka la nyama la Wealdstone, mwanga wa basi likiwa tupu, kijani cha famasi kwenye lami iliyolowa. Huo ni mji uliokuwa na sinema zake. Dominion ya Station Road ilifunguliwa 1936, baadaye ikabeba jina la Safari ikionyesha filamu za Kihindi, na ile Grosvenor ya Rayners Lane, ya mwaka huohuo, yenye mkonga wa tembo usoni, leo ni kituo cha Wazoroasta. Studio hazijahama. Elstree, walikopigia Star Wars, iko Borehamwood, jirani wa Stanmore. Leavesden ya Harry Potter iko karibu na Watford, treni za kutoka Harrow zinafika mji huo. Kwenye studio hizo kila siku wanahitajika watu wa kubeba nyaya, na wabeba nyaya wa leo ndio wanaoambiwa kesho kutwa kwamba taa ni zao. Nyumbani nako milango ipo: Nairobi kuna chuo cha KIMC. Bagamoyo kuna chuo cha sanaa cha TaSUBa. Kampala kuna mafunzo ya filamu ya Maisha, yaliyoanzishwa na mwongozaji Mira Nair mwaka 2004. Unguja tamasha la filamu la ZIFF linajaza Ngome Kongwe, na watu wa kamera wanakaa viti vya nyuma, wanafikika, ukiwasalimu kwa adabu hawakuumi.

Neno kwa wazazi, hasa nyinyi wa Harrow mliopigana na baridi na kazi mbili ili mtoto awe mfamasia. Hofu yenu naielewa. Lakini hii niliyoieleza ni kazi yenye ngazi, yenye uanagenzi, yenye chama na mishahara, na inadai nidhamu ya kuamka ambayo mmemlea nayo wenyewe. Mpeni mtoto mwaka mmoja wa kubeba stendi kabla ya kumwita mpotevu. Ikiwa baada ya hapo bado anaamka alfajiri bila kuitwa, mna diopii ndani ya nyumba.

Na wewe, mdogo wangu, Jumamosi hii mpige mtu mmoja wa nyumbani mara tatu: jua likichomoza, likiwa kichwani, likizama. Kiti kilekile, mahali palepale, bila filta. Tandaza picha tatu mezani uandike kwa kalamu umeona nini kwenye shavu, kwenye jicho, chini ya kidevu. Fanya hivyo Jumamosi inayofuata na mtu mwingine. Kisha tafuta seti yoyote inayopigwa karibu nawe, iwe tangazo la unga au filamu ya mtaani ya siku mbili, muulize mkuu wa taa kama anahitaji mikono. Atakuambia saa ya kufika ni kumi na moja alfajiri. Fika kumi na nusu, na raba zisizopiga kelele.